Seti ya michemraba ya kuelea na kuzama: cha kulipia na cha kuacha dukani

Maduka ya vifaa vya maabara za shule, na siku hizi hata maduka ya vitu vya watoto, yanauza kisanduku cha majaribio ya kuelea na kuzama. Yaliyomo hayatofautiani sana: michemraba sita hadi kumi na miwili ya ukubwa mmoja, kila mmoja wa kitu chake, kopo la Eureka, yaani kopo lenye mdomo ubavuni unaomwaga maji yakizidi, silinda ya kupimia, mizani ya springi, bonge la plastisini (udongo laini wa kuchezea), samaki na mashua za plastiki, na kijitabu cha maelezo. Tathmini hii ni ya aina hiyo ya seti, si ya chapa fulani, kwa kuwa uzuri na kasoro zake zinajirudia. Michemraba inastahili kila shilingi. Mizani inategemea umepata ipi. Kopo halipatani na michemraba iliyofungwa nalo sanduku moja. Na kijitabu, mara nyingi, kinafundisha makosa.

Tuanze na hicho kijitabu, maana ndicho mzazi au mwalimu atakachokisoma kabla hajagusa maji. Sentensi inayoonekana tena na tena ni kwamba vitu vizito huzama na vyepesi huelea. Mtoto wa miaka sita anaweza kuibomoa: gogo la mwembe lisilobebeka na watu wawili linaelea, sindano ya kushonea inazama. Kijitabu kingine kinasema vitu vyenye hewa ndani ndivyo vinavyoelea. Hilo ni kweli kwa mpira na kwa chupa tupu iliyofungwa, lakini mshumaa hauna hewa ndani na unaelea, mafuta ya kupikia hayana hewa na yanakaa juu ya maji. Mtoto akishakariri mojawapo ya sentensi hizi, kumtoa huko ni kazi kubwa kuliko kumfundisha upya.

Swali linalofaa ni moja: hiki kitu kina uzito kuliko maji ya ukubwa wake? Kama ni kizito kuliko maji hayo, kinazama. Kama ni chepesi, kinaelea. Hapo ndipo michemraba inapoonyesha thamani yake, kwa sababu ukubwa wote ni mmoja na kinachobaki kulinganishwa ni uzito tu. Seti nyingi zina michemraba ya sentimita 2 kila upande, yaani ujazo wa sentimita 8 za ujazo. Maji ya ukubwa huo yana gramu 8. Hiyo namba 8 ndiyo mpaka, na inasikitisha kwamba karibu hakuna seti inayompa mtoto hayo maji ayashike mkononi. Tengeneza mwenyewe: nunua duka la dawa bomba la sindano la mililita 10, bila sindano, vuta maji hadi alama ya 8, yamwage kwenye kikombe kilichokwisha kuwekwa kwenye mizani ya jikoni na kurudishwa sifuri. Mtoto ataona 8. Baada ya hapo kila mchemraba unapimwa na kulinganishwa na 8, na ubashiri wake unakuwa na msingi.

Kabla ya kulipa, omba mizani dukani na upime michemraba. Ile ya sentimita 2 inapaswa kukaribia uzito huu: msonobari gramu 4, plastiki ya polipropilini 7.2, nailoni 9.2, plastiki ya akriliki 9.5, plastiki ya mabomba (PVC) 11, alumini 21.6, chuma 63, shaba njano 68, shaba nyekundu 72. Tofauti ya gramu moja kwenye chuma si kitu. Tofauti ya gramu moja kwenye nailoni inaharibu somo, kwa kuwa nailoni imeyazidi maji kwa gramu 1.2 tu. Chanzo cha tofauti mara nyingi ni ukataji. Upande ukiwa sentimita 1.95 badala ya 2, ambako ni pungufu kwa nusu milimita tu, ujazo unashuka kwa zaidi ya asilimia 7. Rula ya shule haitakuonyesha hilo vizuri. Panga michemraba yote kwenye mstari mmoja, weka rula juu yake: ikitikisika au mwanga ukipenya, ukubwa si sawa.

Ipo michemraba yenye tundu na kulabu ya kuning'inizia. Iepuke ukiweza. Tundu linashika kiputo cha hewa, na kiputo hicho kinapotosha vipimo. Uzi wa kawaida wa kushonea, ukizungushwa mara mbili kama kifurushi, unaning'iniza mchemraba bila kuutoboa.

Mti ndio kipande kinachokorofisha zaidi. Ukiwa haujapakwa vanishi unanyonya maji, na somo la asubuhi halifanani na la jioni: mchemraba uliolowa unakaa chini zaidi kuliko ulivyokaa ukiwa mkavu. Hilo lenyewe ni somo zuri kwa watoto wa miaka kumi na zaidi, lakini kwa wadogo ni mkanganyiko. Kausha mti kivulini siku nzima kabla ya kuutumia tena. Na hapa Afrika Mashariki tuna nyongeza ambayo sanduku la kiwandani halina: mpingo. Kiini cheusi cha mpingo kina densiti, yaani gramu kwa kila sentimita ya ujazo, ya takriban 1.2, hivyo mchemraba wa sentimita 2 una gramu 9 na kitu au 10, nao unazama. Wachonga vinyago wa Mwenge, Dar es Salaam, wana vipande vinavyobaki vingi. Omba kipande cheusi kitupu, kwani ule mti wa rangi ya maziwa unaozunguka kiini ni mwepesi zaidi. Mtoto aliyeamini kwamba mti wowote unaelea akitupa mpingo majini anaanza kuuliza maswali ya maana, na hakuna kipande kingine cha seti kinachofanya kazi hiyo haraka namna hiyo.

Seti ikiwa na mchemraba wa risasi, utoe. Risasi ni sumu, na mikono ya watoto huenda mdomoni. Shaba nyekundu inatosha kabisa kwa upande wa vizito.

Kanuni moja ya kuendesha somo, kwa umri wowote: mtoto abashiri kwanza na aseme sababu, ndipo atumbukize. Ukianza kwa kutumbukiza, anatazama tu. Wa miaka minne hadi sita aishie kupanga vitu kwenye mafungu mawili na kueleza alichoona. Wa saba hadi tisa alinganishe na zile gramu 8. Kuanzia kumi agawanye uzito kwa ujazo, apate densiti, na ajue kwamba maji ni 1. Vitu vya nyumbani viongezwe, lakini kwa kuchagua. Kiazi mviringo na karoti huzama bila utata. Ndizi, papai na tikiti maji huelea. Chungwa lenye ganda huelea, likimenywa kwa kawaida huzama, kwa sababu tabaka jeupe la ganda limejaa vitundu vya hewa. Embe na nyanya viache siku ya kwanza: moja huelea na jingine huzama kulingana na ukomavu, na mtoto hataweza kujua kwa nini. Chupa ya soda ni nzuri sana. Kata kipande cha mwili wake na uweke pamoja na kifuniko: kifuniko kinaelea, kipande cha chupa kinazama. Ndivyo viwanda vya kurejeleza plastiki vinavyotenganisha aina hizo mbili, kwa birika la maji tu.

Sasa kopo la Eureka, kifaa kinachopendeza machoni na kinachowaangusha walimu wengi. Unalijaza hadi maji yatoke mdomoni, unangoja matone yakome, unaweka chombo chini ya mdomo, kisha unashusha kitu kwa uzi polepole. Maji yanayotoka ni sawa na ujazo wa kitu. Shida ni vipimo. Kopo lenye upana wa sentimita 8 lina uso wa maji wa sentimita 50 za mraba. Mchemraba wa mililita 8 unainua maji hayo kwa milimita 1.6 tu. Maji yana ngozi ya mvutano usoni. Yanaweza kuvimba juu ya usawa wa mdomo bila kutoka, na tone zima linaweza kung'ang'ania ncha ya mdomo. Kosa la mililita 2 au 3 ni la kawaida, na katika mililita 8 kosa hilo ni theluthi. Watoto wanapata 5, wanapata 10, na mwalimu analazimika kusema "chukulia ni 8". Usifike hapo. Tumia kopo kwa vitu vikubwa: jiwe la gramu 250, ambalo kwa mawe mengi ni karibu mililita 90 hadi 100, au kikombe chepesi cha plastiki chenye mchanga. Tone la sabuni ya vyombo ndani ya maji, karibu na mdomo, linapunguza ule mvutano. Meza iwe sawa, na mtu asiiguse baada ya matone kukoma.

Jaribio la kikombe na mchanga ndilo sababu halisi ya kuwa na kopo. Pima kikombe na mchanga viwe gramu 150 kwa jumla, viweke vielee koponi vimesimama wima, pima maji yaliyotoka: yatakaribia gramu 150. Ongeza mchanga gramu 20, yatatoka mengine 20 hivi. Kinachoelea husukuma kando maji yenye uzito sawa na wake. Archimedes wa Siracusa, aliyefariki mwaka 212 KK, ndiye aliyeiweka kanuni hii kwa maandishi, na watoto wa darasa la tano wanaweza kuithibitisha kwa kikombe cha mtindi.

Silinda ya kupimia ina tatizo lake. Mchemraba wa sentimita 2, ukipimwa kona kwa kona, ni sentimita 2.83. Silinda nyingi za mililita 100 ni nyembamba kuliko hapo kwa ndani, hivyo mchemraba hauingii, au unaingia na kukwama katikati. Ukikuta seti yenye silinda ya mililita 250, hiyo imefikiriwa vizuri. Alama zake kwa kawaida ni kila mililita 2, kwa hiyo mchemraba mmoja unapandisha maji alama nne, na mtoto anazihesabu. Soma ukiwa umeinama, jicho usawa wa maji, sehemu ya chini ya mkunjo.

Mizani ya springi iangaliwe namba kabla ya kununua. Ile ya 10 N (N ni newtoni, kipimo cha nguvu; 1 N ni uzito wa gramu 100 hivi) ina alama za takriban gramu 20 kila moja. Tofauti ya gramu 8 haitaonekana, nayo ndiyo unayoitafuta. Chukua ya 1 N, yenye alama za gramu 2. Ning'iniza alumini hewani, itaonyesha karibu 22. Izamishe bila kugusa chini, itaonyesha karibu 14. Chuma: 63, kisha 55. Shaba njano: 68, kisha 60. Kila mara zinapungua 8, chuma iwe chuma, alumini iwe alumini. Acha watoto wagundue hili wenyewe kwa kuandika namba kwenye safu mbili na kutoa, msiwaambie mapema. Maji hayajui kilichomo ndani yake ni nini. Yanasukuma juu kwa uzito wa maji yaliyohamishwa, basi. Mti wa gramu 4 unasukumwa kwa nguvu ya gramu 8 ukizamishwa wote, ndiyo maana unaruka juu ukiuachia, na unatulia pale nusu yake tu ilipo ndani ya maji.

Kama mizani ya springi ya seti ni mbovu, na nyingi huchoka springi upesi, mizani ya jikoni ya kidijitali inafanya kazi hiyo vizuri zaidi. Weka bilauri ya maji juu yake, rudisha sifuri, shusha mchemraba kwa uzi hadi uzame wote bila kugusa chini wala ubavu. Mizani inaonyesha 8, kwa kila chuma. Uzi ukilegea na mchemraba ukatua chini, namba inaruka hadi uzito wake wote. Kosa hilo ni la kawaida na ni rahisi kulitambua.

Plastisini ni ya kujibu swali ambalo kila mtoto atauliza: mbona meli ni ya chuma na haizami? Seti nzuri inaleta angalau gramu 50, iliyo ya mafuta, isiyoyeyuka. Udongo wa mfinyanzi mbichi haufai hapa kwa kuwa unalainika na kuchafua maji. Bonge la gramu 50 lina ujazo wa mililita 30 hivi, linazama moja kwa moja. Lifinyange liwe sahani yenye upana wa sentimita 8, ukuta wa sentimita 2, unene wa milimita 3 kote. Sasa kwa nje inachukua nafasi ya mililita 100, nayo itaelea ikiwa imezama sentimita 1 tu. Weka mchemraba wa alumini katikati, itashuka hadi sentimita 1.4. Weka wa chuma, maji yataingia na sahani itazama. Watoto wanaoshindwa kuelesha sahani yao huwa wamefanya moja kati ya mambo mawili. Ama ukuta ni wa sentimita 1 tu, na hapo sahani ya upana uleule inafikia ukingo wake kabla haijapata maji ya kutosha kuibeba. Ama kona ya chini imepasuka na maji yanapenya taratibu. Mwonyeshe mtoto akaushe vidole na kusugua ufa kabla ya kurudisha majini.

Kwa mfano wa meli, MV Liemba ya Ziwa Tanganyika inatosha kuliko picha za kijitabu. Ilijengwa Ujerumani mwaka 1913 kwa jina la Graf von Goetzen, Wajerumani wenyewe wakaizamisha mwaka 1916, Waingereza wakaiibua mwaka 1924, na mwaka 1927 ikarudi kazini. Chuma ni kilekile. Maji yalipojaza nafasi iliyokuwa ya hewa, meli ilikwenda chini, yalipotolewa, ilipanda. Mtoto aliyekwisha kujaza sahani ya plastisini maji na kuimwaga ameshaifanya hadithi hiyo kwa mikono yake.

Pakiti ya chumvi inayokuja na baadhi ya seti haitoshi kitu. Kwa nusu lita ya maji unahitaji gramu 60 ili yai bichi jipya lielee, yaani vijiko vya chakula vitatu na nusu vya kusawazisha. Kwa nailoni, gramu 140. Akriliki itasitasita hata maji yakikataa kuyeyusha chumvi zaidi. Tumia chumvi laini na ukoroge hadi chini kuwe safi, la sivyo maji ya chini yanakuwa mazito na ya juu mepesi, na yai litasimama katikati. Yai la zamani lisitumike: hewa imeongezeka ndani ya ganda, nalo huelea hata kwenye maji matamu, jambo linalovuruga hoja yote. Kwa watoto wa pwani, waambie pia kwamba maji ya bahari yana karibu gramu 35 tu kwa lita, hivyo yai jipya kwa kawaida bado litazama humo.

Kuna seti zinazoongeza mzamiaji, kile kichupa kidogo kinachoshuka ukibana chupa ya plastiki na kupanda ukiachia. Hakuna haja ya kukilipia. Kifuniko cha kalamu ya wino, kisicho na tundu nchani, na kidonge cha plastisini kwenye ukingo wa mdomo wake, bila kuuziba, vinatosha. Kijaribu kwanza kwenye bilauri: ncha tu ibaki juu ya maji. Ikiinuka sana ongeza plastisini, ikizama punguza. Jaza chupa hadi shingoni kabisa, kwani hewa ikibaki nyingi itabanwa hiyo badala ya ile ya kwenye kifuniko.

Samaki na mashua za plastiki hazifundishi chochote ambacho beseni na kijiko havifundishi. Kama bei ya seti imepandishwa kwa ajili yake, tafuta muuzaji anayeuza michemraba peke yake, uongeze silinda ya mililita 250 na mizani ya jikoni. Kwa shule yenye watoto 45 darasani, hilo ndilo chaguo letu bila kusita: michemraba ya aina sita, seti nne, badala ya sanduku moja kamili ambalo watoto wa nyuma hawataliona.

Usitoe michemraba kwa mtoto wa chini ya miaka mitatu. Sentimita 2 inaingia mdomoni na kukaba. Beseni limwagwe mara tu somo linapoisha, hata kama maji ni ya kina cha kiganja. Chuma kikaushwe kwa kitambaa palepale na kihifadhiwe mbali na mti uliolowa, kwani kutu huongeza uzito na kukwaruza mengine. Baada ya jaribio la chumvi, osha vyote kwa maji safi, hasa alumini, na upime tena kila mchemraba mwanzoni mwa muhula, uandike uzito wake kwa wino usiofutika kwenye kifuniko cha sanduku.